Ukuta Hausemi Mwaka

Pale Ngara ninaposhukia matatu kulikuwa na nyumba ya mawe ikibomolewa ili ploti ijengwe fleti. Nyumba ya kawaida tu, ya mabati mekundu, ambayo nimepita mbele yake miaka na miaka bila kuitazama mara mbili. Asubuhi moja nikakuta plasta imebanduliwa yote, na katikati ya ukuta wa pembeni umetokea mlango. Ulikuwa umezibwa. Mawe yaliyouziba yalikuwa ya kukatwa kwa mashine, yale ya Ndarugo, kingo zimenyooka kama mkate wa dukani. Ukuta uliouzunguka ulikuwa wa mawe ya kuchongwa kwa mkono, kila jiwe na sura yake.

Fundi aliyekuwa akisimamia vibarua akaniona nimeduwaa. "Bosi, unatafuta kazi ama umepotea?"

Nikamwambia naangalia mshono. Akacheka, akaniita nizunguke nyuma. Huko kulikuwa na chumba kilichoegemezwa kwenye nyumba, na kati yake na nyumba kulikuwa na mstari mmoja wa wima, kutoka msingi hadi usawa wa linta, ambao hakuna jiwe hata moja lililouvuka. "Hiki kilikuja baadaye," akasema. "Kingejengwa pamoja na nyumba, mawe yangeshikana vidole."

Mawe kushikana vidole. Nimesoma maelezo mengi ya jambo hilo, sijapata lililolisema vizuri kuliko huyo fundi wa Kilifi aliyesimama juu ya kifusi na karai mkononi.

Siku mbili baadaye vijana wake walivunja sakafu ya chumba kile cha nyuma. Chini ya saruji, ndani ya mchanga, wakaokota senti kumi ya kikoloni, ile ya shaba yenye tundu katikati. Mwaka: 1942. Mzee mwenye ploti alipofika kukagua kazi, alishikilia kwamba aliyemuuzia nyumba alimwambia ilijengwa kabla ya Vita vya Pili. Fundi akampa ile sarafu. Mzee akaigeuza-geuza, akasema, "Kumbe nilidanganywa."

Hakudanganywa, na sarafu nayo haikudanganya. Sarafu inasema jambo moja tu: sakafu hii haikuwapo kabla ya 1942, kwa sababu sarafu haiwezi kuzikwa kabla haijatengenezwa. Haisemi kwamba sakafu ni ya 1942. Senti kumi ya mwaka huo ilizunguka mifukoni muda mrefu baadaye, na ingeweza kudondoka 1950 au hata 1960. Tena inazungumzia chumba cha nyuma peke yake. Mshono unatuambia chumba hicho kilitanguliwa na nyumba. Kwa hiyo nyumba inaweza kuwa ya kabla ya vita kama mzee alivyoambiwa, na chumba kikawa cha baadaye, na ule mlango wa pembeni ukazibwa siku nyingine kabisa. Ni mashahidi watatu, na hakuna anayempinga mwenzake. Tatizo letu ni kwamba kila mmoja tulimuuliza swali asiloweza kulijibu.

Nakuelezea habari za Ngara kwa sababu ndivyo mji mzima wa kale unavyosomwa, na mji ninaotaka kuuzungumzia ni Gede, mwendo mfupi kusini ya Malindi. Sisi wa Nairobi tunaishi katika mji ulioanza na reli mwaka 1899. Jengo la 1913 kwetu ni la kale, tunaligeuza makumbusho. Gede ilikuwa imeshahamwa, miti imeota vyumbani, karibu miaka mia tatu kabla ya reli hiyo kufika hapa. Watu wengi huuliza swali lile lile la mzee wa Ngara: mji huu ni wa mwaka gani, na ulijengwa na nani? Ni maswali mawili yanayoonekana mepesi, na yamekula maisha ya watu.

Mtu wa kwanza kuyatolea sehemu kubwa ya maisha yake pale ni mwanaakiolojia James Kirkman. Gede ilikuwa imetangazwa mahali pa kihistoria tangu 1927, lakini ni mwaka 1948, ilipofanywa hifadhi ya taifa, ndipo Kirkman alipokabidhiwa kuitunza. Akachimba mpaka 1958. Kutoka hapo akahamia Fort Jesus, Mombasa, akachimba huko hadi mwisho wa miaka ya 1960. Hesabu mwenyewe: zaidi ya miaka ishirini ya kukodolea macho mawe ya pwani moja. Mwingine angeandika vitabu vitatu juu ya miji mitatu kwa muda huo. Lakini kazi hii haikubali haraka, na sababu yake inaeleweka ukianza na nyenzo za ujenzi.

Mji ulikuwa wa ekari 45 hivi ndani ya ukuta wa nje: msikiti mkuu na misikiti mingine midogo, ikulu, makaburi yenye minara, na nyumba za mawe zilizobanana upande wa ikulu. Mawe ni ya matumbawe. Kuna matumbawe magumu ya nchi kavu, yanayochimbwa ardhini na kutumika kwa kuta, na kuna matumbawe laini ya baharini, yanayokatwa yangali mabichi, yakachongwa kwa urahisi, halafu yakakauka na kuwa magumu. Haya ya pili ndiyo ya kibla, ya fremu za milango, ya mapambo. Chokaa ilipatikana kwa kuchoma matumbawe hayo hayo juu ya lundo la magogo. Paa lilikuwa bapa: boriti za mikoko zimelazwa kutoka ukuta hadi ukuta, juu yake vipande vya mawe, juu yake tena chokaa nzito.

Boriti ndiyo siri ya sura nzima ya nyumba. Mkoko haukui mrefu na mnene kadiri mtu atakavyo, na chini ya uzito wa paa kama lile hauhimili urefu mkubwa. Kwa hiyo vyumba vya pwani nzima ni vyembamba, mita mbili na nusu au karibu mita tatu, lakini virefu kama korido. Mtu asiyejua hilo anaweza kuandika kurasa kumi kuhusu mila na faragha akieleza kwa nini chumba ni chembamba. Fundi wangu alilielewa kabla sijamaliza sentensi. "Hawakuwa na chuma cha slabu," akasema.

Sasa, nyenzo hizo zina ubaya mmoja kwa msomaji wa kuta: hazibadiliki. Hapa Nairobi jiwe la kuchonga na jiwe la mashine vinakupa angalau fununu ya wakati. Pwani, tumbawe la karne ya 14 na tumbawe la karne ya 16 ni ndugu wa tumbo moja. Huwezi kulitazama jiwe ukalijua umri. Kinachobaki ni mpangilio. Mshono wa wima unakuambia ukuta upi umeegemea upi. Mlango uliozibwa unakuambia njia iliyokuwapo ikafungwa. Sakafu juu ya sakafu inakuambia ipi ilitangulia. Ukitembea nyumba hadi nyumba ukiandika mishono yote, utapata orodha ndefu ya nani alimtangulia nani, na usipate mwaka hata mmoja.

Hata mshono wenyewe si wa kuaminiwa kila mara. Nilipomsifu fundi kwa mstari wake wa wima, yeye ndiye aliyenipunguzia furaha. "Saa nyingine ni mafundi wawili," akasema. "Huyu amelipwa huku, yule amelipwa kule, siku ni hiyo hiyo, na hawasalimiani." Neno hilo ningependa kuliona limebandikwa mlangoni mwa kila mwanahistoria wa majengo.

Mwaka, basi, hutoka wapi? Mara chache mno huandikwa. Gede kuna kaburi moja lenye maandishi ya mwaka wa Hijra 802, ambao ulianza Septemba 1399. Hilo ndilo jiwe linalosema mwaka waziwazi, na kila mtu amelishikilia kama abiria wa matatu anavyoshikilia chuma cha juu. Lakini kaburi linatoa tarehe ya kifo cha mtu mmoja. Linathibitisha kwamba wakati ule palikuwa na watu wenye uwezo wa kujenga kaburi la mawe na kuandika Kiarabu. Msikiti ulio karibu, ikulu, nyumba za upande wa pili, hayo yote lazima yapate ushahidi wao yenyewe.

Ushahidi huo ni takataka. Nasema kwa heshima. Vigae vya vyungu, vipande vya bakuli za Kichina na za Uajemi, shanga, misumari. Kirkman alizipa nyumba za Gede majina kutokana na vitu alivyookota ndani yake: Nyumba ya Mkasi, Nyumba ya Kauri, Nyumba ya Taa ya Chuma, Nyumba ya Sanduku la Pembe. Majina hayo hupendeza watalii, lakini maana yake kwa uchunguzi ni kubwa kuliko uzuri wake. Kila kitu kilichofunikwa na sakafu ni kama ile senti kumi: kinaweka mpaka ambao sakafu haiwezi kuuvuka kurudi nyuma. Na kwa kuwa mitindo ya bakuli za Kichina inajulikana vizuri kwa karne zake, kipande kidogo kama ukucha cha bakuli la rangi ya kijani-kijivu au la buluu na nyeupe kinaweza kuuweka ukuta mzima mahali pake.

Kinaweza pia kuupotosha. Iko nyumba pale iliyopewa jina la sarafu za Kichina, zile za tundu la mraba katikati. Ni za enzi ya Song, ufalme ulioanguka mwaka 1279, ilhali nyumba yenyewe ni changa kuliko hizo. Sarafu za Kichina zilizunguka karne nyingi bila mtu kujali jina la mfalme aliyekwisha kufa. Na bakuli je? Bakuli la thamani halitupwi. Mama humwachia binti, binti naye humwachia bintiye, linawekwa kwenye kidaka likitazamwa na wageni, na siku linapoponyoka na kuvunjika limeshakula miaka mia. Pwani mabakuli hayo yalichomekwa hata kwenye makaburi na minara yake. Mchimbaji akiona kipande chake anapata tarehe ya kuzaliwa kwa bakuli. Siku lilipovunjika haijui.

Halafu kuna panya, mizizi na mafundi wa ukarabati. Kipande kinaweza kushuka kwenye shimo la panya mpaka chini ya sakafu ambayo hakikuwahi kuzikwa nayo. Gede ilimezwa na msitu, na mzizi wa mti mkubwa haujali tabaka za mtu. Zaidi ya hapo, kabla ya Kirkman kufika, kuta zilizokuwa zikianguka zilikuwa zimeanza kushikizwa na serikali ya kikoloni, kwa nia njema kabisa. Anayesoma ukuta leo lazima kwanza aulize: hapa nasoma kazi ya karne ya 15 au ya kibarua wa Idara ya Ujenzi?

Unaona sasa kwa nini kazi hii inataka umri wa mtu. Hakuna kipande kimoja kinachomaliza shauri. Unarudi msimu baada ya msimu mpaka mishono, sakafu na vigae viache kugombana. Na bado anakuja mwingine. Kirkman aliona mji umeanza mwishoni mwa karne ya 13 au mwanzoni mwa ya 14, na umehamwa mapema katika karne ya 17. Kuanzia 1999 Stéphane Pradines alichimba tena, zikiwemo sehemu ambazo Kirkman hakuzigusa, na mwanzo wa mji ukasogea nyuma mpaka karne ya 11 au ya 12. Kuta zile zile za Kirkman hazikubadilika umri. Kilichobadilika ni mahali pa kuchimba: mji ulikuwa umehama kidogo, na watu walikuwa wakiuliza umri wa babu kwa kumtazama mjukuu.

Swali la pili, la nani aliujenga, ndilo lenye moto. Kitabu cha Kirkman cha 1954 kinaiita Gede mji wa Kiarabu, kwenye jina lake lenyewe. Hoja ilikuwa rahisi: msikiti, maandishi ya Kiarabu, bakuli za ng'ambo, mawe na chokaa, basi waliojenga ni wageni. Wengi wetu tumelelewa na hoja hiyo darasani bila kujua ilikotoka.

Hoja ilianza kuvunjika kwa uchimbaji wa Shanga, kisiwani Pate, kazi ya Mark Horton miaka ya 1980. Chini ya msikiti wa mawe alikuta misikiti mingine iliyotangulia, mmoja juu ya mwingine, na wa chini kabisa, wa karne ya 8, ulikuwa wa miti tu: matundu ya nguzo ardhini. Hakuna aliyeteremka jahazini na ramani ya msikiti wa mawe. Watu wa hapo walianza kwa miti na udongo kama walivyojenga nyumba zao, wakapanua, wakajenga upya, mpaka wakafika kwenye mawe. Pamoja na hayo vikaja vyungu. Wachimbaji wa mwanzo walivutwa na kaure za Kichina, na hilo ni la kibinadamu, linang'aa, lakini vigae vilivyojaa kwenye kila shimo ni vya vyungu vya kienyeji, vya kupikia, vinavyofanana na vya bara.

Mwaka 2023 ukatoka uchunguzi wa vinasaba kutoka mifupa ya makaburini, ikiwemo ya Manda, Mtwapa na Faza, ukaonyesha mchanganyiko: upande wa akina mama karibu wote wa Kiafrika, upande wa akina baba kwa kiasi kikubwa kutoka Asia, hasa Uajemi. Mitandaoni siku hizo kila upande ulitangaza ushindi. Mimi naona wote waliruka hatua moja. Vinasaba vinasema nani alimzaa nani. Havisemi nani alishika mwiko, nani aliamua kibla kiwekwe wapi, wala watu wale walizungumza lugha gani wakigombana kuhusu bei ya boriti. Lugha iliyobaki ni ya Kibantu, jirani ya Kigiriama na Kipokomo. Juu ya mlango mmoja wa msikiti mkuu wa Gede pamechongwa mkuki wenye bapa pana. Mtu yeyote wa bara angeutambua kabla ya kuambiwa.

Simbezi Kirkman. Alikosea kuuita mji wa Kiarabu, ila alipima na kuandika kwa uangalifu kiasi kwamba waliompinga walimpinga kwa vipimo vyake mwenyewe. Si kila mtafiti anaacha nyuma kazi inayoweza kutumiwa dhidi yake.

Kuna chombo kingine cha kusomea ambacho kina uhusiano na Nairobi yetu. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 Usam Ghaidan, msanifu wa majengo kutoka Iraq aliyekuwa akifundisha Chuo Kikuu cha Nairobi, alipima nyumba za Lamu zilizokuwa bado zikikaliwa. Nyumba ya Lamu ina mpangilio wake: daka, yaani kibaraza cha mlangoni, kiwanda, yaani ua ulio wazi juu, kisha misana miwili, vyumba virefu vinavyofuatana, wa tini (wa chini) na wa yuu (wa juu), kisha ndani, ukiingia hatua kwa hatua kutoka penye mgeni hadi pasipofika mgeni. Mtu aliyetembea humo akirudi Gede, magofu yanaanza kuwa na watu. Ukuta mfupi uliokatika unakuwa baraza, uwazi unakuwa kiwanda, chumba cha nyuma kinapata mwenyewe. Ila nyumba nyingi za Lamu zinazosimama ni za karne ya 18. Kati yake na Gede kuna miaka mia tatu hivi, na kutafsiri moja kwa nyingine ni kama kumsoma bibi wa bibi yako kwa tabia za shangazi. Huwa inasaidia, lakini kuna siku inakuvua nguo.

Kuhusu kwa nini mji ulihamwa nitapita haraka, kwa kuwa majibu ni mengi kuliko ushahidi. Wazimba, wapiganaji waliotoka upande wa Zambezi, walipita pwani wakiharibu mwaka 1589. Mwaka 1593 Wareno wakaanza kujenga Fort Jesus na mtawala wa Malindi akahamia Mombasa, nguvu ikaondoka upande ule. Waoromo walikuwa wakisukuma kutoka kaskazini, na jina Gede husemwa ni lao. Kisima kilicho karibu na msikiti mkuu kilionekana kuongezwa kina, dalili ya maji kukimbia. Huenda yote. Cha ajabu zaidi kwangu ni kwamba Wareno waliishi Malindi karibu karne nzima, na katika habari zao hakuna mji unaotajwa kwa jina la Gede. Imependekezwa kuwa jina lake la kale lilikuwa Kilimani, sawa na mtaa wetu wa Nairobi wenye kodi kali. Nilipomwambia fundi hivyo alicheka mpaka akaweka karai chini. "Kumbe kodi ilianza kupanda zamani!"

Julai 2024 UNESCO iliiingiza Gede kwenye orodha ya urithi wa dunia. Wiki hiyo hiyo ningekuonyesha ile ploti ya Ngara, ungeona shimo tu.

Nilipita tena mwezi uliofuata. Kuta zilikuwa zimekwisha, na vijana walikuwa wakijaza kifusi chake chenyewe kwenye msingi wa fleti: mawe ya mkono, mawe ya mashine, plasta yenye rangi nne moja juu ya nyingine, vipande vya sinki. Nikamuuliza fundi sarafu iko wapi. Akasema mzee aliikataa, na yeye hakuona pa kuiweka, akairudisha.

"Wapi?"

Akaonyesha kwa koleo upande wa kaskazini, ambapo kijana mmoja alikuwa akimwaga karai la mwisho na juu yake pakiti ya maziwa. Mchanganyiko wa zege ulikuwa umeshaanza kuzunguka.